Kuhesabu Rekodi kwa Tarehe na Saa Bila Kuipoteza Siku ya Mwisho

Mhasibu akikuambia kwamba idadi ya miamala ya mwezi katika ripoti yako hailingani na ya kwake, usianze kushuku data. Tazama kwanza mwisho wa kipindi umeandikwaje. Katika kazi yangu ya kuandaa ripoti za malipo, hapo ndipo ninapokuta tatizo mara nyingi kuliko mahali pengine popote.

Tuseme jedwali la malipo lina safuwima iitwayo muda, inayohifadhi tarehe pamoja na saa. Wengi wanaotaka idadi ya Machi 2024 huandika hivi kwa SQL, lugha ya kuiuliza kanzidata maswali:

SELECT COUNT(*) FROM malipo WHERE muda BETWEEN '2024-03-01' AND '2024-03-31';

Kanzidata itatoa jibu bila kulalamika, ila tarehe isiyotajiwa saa huchukuliwa kuwa saa sita kamili usiku, siku hiyo inapoanza. Kwa hiyo malipo ya tarehe 31 saa mbili asubuhi, pamoja na karibu yote mengine ya siku hiyo, yanaachwa nje. Wapo wanaoziba pengo kwa kuandika 23:59:59, lakini muamala ulioingia nusu sekunde baadaye bado utaponyoka. Ukiongeza .999 katika SQL Server, kanzidata ya Microsoft, aina ya safuwima iitwayo datetime huikadiria thamani hiyo kwenda juu hadi Aprili 1, ukajikuta unahesabu rekodi za mwezi mwingine.

Ninachoshauri, na ninakisisitiza kwa kila ninayefanya naye kazi, ni mwanzo uhesabiwe na mwisho usihesabiwe:

SELECT COUNT(*) FROM malipo WHERE muda >= '2024-03-01' AND muda < '2024-04-01';

Hapo huna haja ya kujua mwezi una siku ngapi, wala kama mwaka ni mrefu, na miezi inayofuatana haiachiani pengo wala haihesabu rekodi moja mara mbili. Tena safuwima imebaki yenyewe: ukiizungushia DATE(), yaani amri ya kubakiza tarehe bila saa, katika kanzidata ya MySQL, faharasa yake ya kawaida (orodha iliyopangwa ya kuharakisha utafutaji) haitasaidia kutafuta, na jedwali lenye mamilioni ya rekodi litasomwa lote.

Suala la majira ya saa linahitaji uangalifu zaidi. Seva nyingi huhifadhi muda kwa UTC, saa ya rejea ya kimataifa, ilhali Dar es Salaam na Nairobi ziko saa 3 mbele, hivyo Machi 1 yetu ilianza seva ikisoma Februari 29, 21:00. Kama ndivyo data yako ilivyo, mipaka sahihi ni '2024-02-29 21:00:00' na '2024-03-31 21:00:00'. Kwetu tofauti hiyo haibadiliki mwaka mzima, lakini usiizoee mno: Uingereza ilisogeza saa mbele Machi 31, 2024, na siku hiyo ikawa na saa 23 tu. Kwa ripoti ya mteja wa huko, tumia jina la ukanda wa saa, Europe/London, badala ya kujumlisha saa kwa mkono.

Kabla ya kukabidhi idadi yoyote, omba pia MIN(muda) na MAX(muda), yaani muda wa mapema kabisa na wa mwisho kabisa, kwa masharti yaleyale, kisha linganisha rekodi hizo mbili na risiti zake.