Kombe la Mtoano Huamuliwa Kuanzia Dakika ya 70

Kocha msaidizi wa timu iliyoingia robo fainali ameniandikia: "Mwalimu, tumebakiza siku kumi na mbili. Tuanze kupiga penalti kila siku?" Hapana, si kila siku. Na wala si hapo pa kuanzia.

Kombe lenyewe ni la Shirikisho hapa Tanzania, ambalo mitaani bado tunaliita FA. Lilirudi kwa jina la Azam Sports msimu wa 2015/16, siku hizi linabeba jina la benki ya CRDB. Fainali huchezwa ligi ikiwa ukingoni au imeshakwisha, na bingwa anapewa nafasi ya kuiwakilisha nchi Kombe la Shirikisho Afrika. Timu ya Ligi Kuu inafika huko ikiwa na mechi 30 za ligi miguuni, au imebakiza chache. Kinachowaponza makocha wengi ni kwamba hawaupangii uchovu huo. Wanaiandaa mechi ya mtoano kama mechi ya ligi yenye kombe mezani.

Hebu tazama matokeo ya fainali. Mei 2017, Dodoma, Mbao FC waliibana Simba hadi muda wa nyongeza, wakafungwa 2-1 kwa penalti ya Shiza Kichuya dakika za mwisho kabisa. Julai 2021, Kigoma, Yanga walibaki kumi baada ya Mukoko Tonombe kutolewa kwa kadi nyekundu kipindi cha kwanza. Walijikaza kwa muda mrefu, hadi kichwa cha Taddeo Lwanga wa Simba kutoka kwenye kona kikawamaliza dakika ya 79. Julai 2022, Arusha, Coastal Union walitoka 3-3 na Yanga ndani ya dakika 120, mabao yote matatu ya Coastal yakiwa ya Abdul Suleiman "Sopu", kisha wakalala kwa penalti 4-1. Juni 2024, Zanzibar, Yanga na Azam hawakufungana kabisa, na Yanga wakashinda kwa penalti 6-5. Hakuna hata mechi moja kati ya hizo iliyokwisha saa ya kwanza ya mchezo. Kwa hiyo, mwalimu, siku zako kumi na mbili zipange ukianzia dakika ya 70 kwenda mbele.

Tuanze na miguu. Pumzi haijengwi ndani ya siku kumi na mbili, ila inaweza kuharibiwa. Kuna makocha ambao wiki ya mechi kubwa wanawapeleka vijana kukimbia kwenye mchanga wa ufukweni au kupanda kilima, ati kuwaongezea stamina. Mchanga unamlazimisha mchezaji kusukuma kwa kidole na kuvuta kisigino kuliko alivyozoea, na siku mbili baadaye unasikia malalamiko ya ndama za miguu na mshipa wa kisigino. Punguza muda wa mazoezi hadi karibu nusu, lakini kasi usiiguse. Kama mechi ni Jumamosi, Jumatatu iwe ya kuchua misuli na kutembea, Jumanne wapumzike. Jumatano wape dakika 70 za ushindani wa kweli katika eneo dogo. Alhamisi dakika 60 za mipango, kona na faulo zikiwemo. Ijumaa dakika 40, wakimbie mbio fupi tano au sita za mita 20, waoge, walale. Atakayekwambia timu yako imezembea, mwache.

Misuli inayobana dakika ya 100 mara nyingi imetokana na uchovu, lakini tumbo tupu linaizidishia. Mechi ya saa 10 jioni, chakula kikuu kiwe mezani kabla ya saa 7 mchana: wali au tambi, kuku au samaki asiyekaangwa kwa mafuta mengi, maharage kidogo tu maana yanajaza gesi. Mapumziko wape ndizi mbivu nusu. Kinywaji cha akiba hakihitaji duka: lita moja ya maji safi, vijiko vitano vya chakula vya sukari vilivyosawazishwa, robo kijiko cha chai cha chumvi na chungwa moja la kukamua. Kila mchezaji anywe kikombe kimoja dakika 90 zikiisha, si chupa nzima. Anayejaza tumbo kwa pupa kabla ya muda wa nyongeza atakimbia akiwa amejishika ubavu.

Sasa benchi, na hapa nakuomba usome taratibu kwa sababu ndipo timu nyingi zinapopoteza mechi bila kujua. Sheria ya kubadili wachezaji watano inakuruhusu kusimamisha mchezo mara tatu tu kwa ajili ya kubadili, yaani una nafasi tatu. Mapumziko hayahesabiwi. Ukimtoa mmoja dakika ya 58, mmoja dakika ya 66 na mmoja dakika ya 74, umebadili watatu na mlango umefungwa. Wawili waliobaki wameketi na bibu zao, na beki wako wa kushoto akichechemea dakika ya 82 utamtazama tu. Wapinzani wakibadili na wewe ukabadili muda huohuo, nafasi moja inakatwa kwa kila upande. Mechi ikienda muda wa nyongeza, nafasi ambazo hukuzitumia zinahamia huko. Kanuni za mashindano zikiruhusu, unaongezewa mchezaji mmoja na nafasi moja. Kubadili kabla muda wa nyongeza haujaanza, au katikati ya vipindi vyake viwili, hakuli nafasi.

Kwa hiyo panga hivi: kama kuna wa kubadilishwa mapema, mbadilishe mapumziko. Kisha toa wawili kwa mpigo kati ya dakika ya 65 na 75, hasa mawinga na kiungo anayekimbia sana. Nafasi mbili zibaki mkononi. Nani aingie dakika ya 105 uamue Ijumaa hotelini, si pale mashabiki wanapokuimbia jina la mshambuliaji wanayempenda.

Na kabla ya yote soma kanuni. Raundi hii sare inakwenda moja kwa moja kwenye penalti au kuna dakika 30? Kadi za njano zinahesabiwaje? Uliza kwenye kikao cha maandalizi ya mchezo, mbele ya kamisaa, jibu liandikwe. Ni aibu ya kujitakia kocha kumuuliza mwamuzi wa akiba dakika ya 89.

Kuhusu uwanja sina mengi. Fainali za kombe hili zimezunguka nchi: Dodoma, Arusha, Lindi, Sumbawanga, Kigoma, Tanga, Unguja. Arusha iko mita 1,400 hivi juu ya usawa wa bahari, Sumbawanga iko juu zaidi. Timu inayotoka pwani itaona pumzi inaisha mapema na pasi ndefu inampita mlengwa, kwa hiyo pasi zifupishwe na presha ya juu, yaani kuwabana wapinzani karibu na goli lao, iwe ya vipindi, si ya dakika 90. Kwenye nyasi bandia viatu vya njumu ndefu vinanasa na kupinda goti. Njumu fupi nyingi ndizo salama. Siku ya kuzoea uwanja usiwaache wakapiga picha tu. Wapeleke kwenye alama ya penalti ya magoli yote mawili, wakanyage pale unapotua mguu wa kusimamia. Mara nyingi pamechimbika.

Ndiyo, sasa penalti. Wanaosema penalti ni bahati nasibu wamekuwa wakinikera kwa miaka. Desemba 2017 Green Warriors, timu ya daraja la pili, waliitoa Simba kwa penalti kwenye kombe hilihili. Bahati ilikuwepo, lakini bahati haimfundishi mtu kuweka mpira chini.

Hesabu ndogo kwanza. Mpira unaopigwa kwa kasi ya kilomita 100 kwa saa unazikata mita 11 kwa takriban sekunde 0.4. Goli lina upana wa mita 7.32. Kipa hawezi kusubiri aone ndipo aruke, lazima aanze kabla. Maana yake mpigaji aliyeamua upande wake na kupiga kwa nguvu karibu na nguzo, chini au usawa wa paja, anamwachia kipa nafasi ndogo hata akikisia sawasawa. Anayeharibu ni yule anayebadili mawazo akiwa hatua ya mwisho: mguu wa kusimamia umeelekea kulia, nyonga inageuka kushoto, mpira unatoka katikati na mwepesi. Mazoezini mlazimishe mpigaji akunong'oneze upande kabla hajaanza kutembea. Akibadili, hata akifunga, andika amekosa.

Usiwapigishe penalti ishirini ishirini. Siku ya mechi mtu anapiga moja, na kabla yake anatembea kama mita 40 kutoka katikati ya uwanja peke yake, wenzake wote wakimtazama mgongo. Hicho ndicho cha kuzoea. Baada ya mazoezi ya Jumatano na Alhamisi, wakiwa wamechoka, wapange mstari wa katikati washikane mabega. Kila mmoja aende, aweke mpira mwenyewe, asubiri filimbi, avute pumzi moja, apige, arudi kwa kutembea. Mara mbili tu kwa siku. Wewe shika daftari: jina, upande, urefu, matokeo. Ukianza kufanya hivi tangu raundi za mwanzo, ukifika nusu fainali una penalti 20 za kila mchezaji kwenye karatasi, na mabishano yanakwisha.

Mpangilio wa wapigaji ni kosa sugu la timu zetu. Tunamweka fundi namba tano, "amalizie". Turudi kwenye ile 4-1 ya Arusha. Matokeo ya namna hiyo yanawezekana tu kama upande uliofungwa umepiga mara tatu. Mpigaji wa nne na wa tano wa Coastal hawakugusa mpira. Fundi wako akiwa namba tano, anaweza kuangalia mechi ikiisha amesimama katikati ya uwanja mikono kiunoni. Wa uhakika kuliko wote apige wa kwanza, anayemfuatia kwa uhakika awe wa nne, na wa tano awe mtu asiyeogopa kuzomewa. Halafu usiishie watano. Ile 6-5 ya Zanzibar ilihitaji angalau wapigaji sita kila upande, na hakuna anayerudia mpaka wote waliomaliza mechi uwanjani, kipa akiwemo, wawe wamepiga. Orodha yako iwe na majina kumi na moja.

Mambo mengine ya kisheria yanayotumbukiza watu shimoni. Wapinzani wakiwa kumi kwa sababu ya kadi nyekundu, na wewe lazima umtoe mmoja kwenye orodha ili idadi ilingane, basi jina la mpigaji wako dhaifu liwe tayari. Kipa wa akiba unayemtaka kwa penalti aingie kabla filimbi ya dakika ya 120 haijalia. Baada ya hapo anaruhusiwa tu kipa akishindwa kuendelea na wewe ukiwa hujamaliza idadi ya wachezaji wa kubadili. Kipa awe na sehemu ya mguu mmoja kwenye mstari, au nyuma yake, mpira unapopigwa. Mpigaji anaweza kudanganya wakati wa kukimbia, lakini akisimama na kudanganya baada ya kumaliza hatua zake, ni kadi ya njano na penalti imehesabiwa imekosa. Na tangu 2025 akiteleza akaugusa mpira mara mbili kwa bahati mbaya ukaingia, inarudiwa. Usipoingia, amekosa.

Kuna picha utaiona karibu kila mwaka. Dakika ya 120 imepigwa, wachezaji wamelala chali, mchua misuli anasukuma nyayo za mmoja kuelekea magotini, kocha anazunguka na kalamu anauliza, "Nani anapiga? Wewe je?" Mmoja anafunga kamba za kiatu ambazo hazijalegea. Mwingine anaomba maji. Beki wa kati wa miaka ishirini anainua mkono kwa sababu ya ukimya tu, na wote tunajua mpira wake utaelekea wapi. Kocha huyo hakukosa wapigaji. Alikosa karatasi.

Karatasi yenyewe iandike Ijumaa usiku, nakala mbili, moja kwako na moja kwa nahodha. Ukurasa mmoja: majina 11 kwa mpangilio na wengine wanne wa akiba, kwa sababu watakaokuwepo dakika ya 120 si wale walioanza. Jina la wa kutolewa idadi isipolingana. Nyuma yake, kwa ajili ya kipa, wapinzani sita na upande waliopiga mara ya mwisho, maneno mawili kwa kila mmoja, maana hatasoma zaidi ya hapo. Iweke kwenye mfuko wa nailoni. Mvua za masika kwa kawaida zinafika hadi Mei, na wino wa peni unatiririka.