Jibu: Kwa nini kiasi cha bima ni kidogo kuliko hesabu yenu

Habari ndugu, na poleni sana kwa msiba. Nimeelewa kwamba marehemu kaka yako alikuwa na miaka 38, mkazidisha mshahara wake wote kwa miaka 22 iliyobaki kabla ya kustaafu, na kampuni ya bima mnayoidai fidia ya kifo chake ikaleta kiasi kisichofika nusu ya hesabu hiyo.

Kwanza kagueni kipato walichoanzia. Huanza na kipato baada ya kodi, kisha hutolewa sehemu ambayo marehemu angeitumia mwenyewe. Kwa mwenye mke na watoto, familia mara nyingi huhesabiwa thuluthi mbili. Akibakiwa na 900 kwa mwezi, familia huhesabiwa 600, yaani 7,200 kwa mwaka. Miaka nayo hupunguzwa, kwa sababu fedha hulipwa kwa mkupuo na maisha yana mashaka yake, hivyo 22 inaweza kuwa 14, na jumla ikawa 100,800. Idadi hiyo ya miaka hujadiliwa, msiikubali bila kuuliza imetoka wapi.

Tulipodai fidia ya baba yetu, walihesabu mshahara peke yake wakaacha useremala alioufanya jioni, na ni daftari lake la wateja, ambalo mama alikuwa amelitunza, lililobadilisha hesabu. Tafuteni ushahidi wa namna hiyo, pamoja na risiti za mazishi, ambazo hudaiwa kando. Msisaini hati ya kumaliza madai kabla wakili hajaisoma, na mwulizeni leo ukomo wa muda wa kufungua kesi.