Uliza Tukujibu: Milingoti ya Forodhani na tufani ya 1872

SWALI: Asalaam aleikum mhariri. Nina picha ya zamani ya bandari ya Unguja, imebaki kwa marehemu babu, inaonesha milingoti mitatu imechomoza majini mbele ya mji. Babu alikua akisema ni meli ya Sultani ilozama kwenye tufani. Wajomba wanasema hapana, ni vita vya Waingereza. Nani mkweli?
– Msomaji, Tanga

JIBU: Waaleikum salaam ndugu yangu. Wajomba wako wako sawa, ila babu naye hakukosea sana, na ndo maana swali lako nimelipenda. Hiyo milingoti ni ya Glasgow, meli ya Sultani iliyozamishwa na mizinga ya Waingereza tarehe 27 Agosti 1896, ikakaa pale chini milingoti imesimama juu ya maji mpaka 1912 ndo ikaondolewa. Lakini jiulize, Sayyid Barghash, Sultani wa zama hizo, aliinunua ya nini? Kwa sababu meli zake za mwanzo zilimalizwa na tufani. Mwaka 1873 ikaja Unguja manowari ya Kiingereza inaitwa Glasgow, naye akaagiza ya kwake ya mfano huo huo, ikajengwa Scotland ikashushwa majini 1878. Kwahiyo babu alikua ameshika mwanzo wa hadithi, wajomba wameshika mwisho.

Tufani yenyewe ilipiga Jumatatu tarehe 15 Aprili 1872, Mfunguo Tano (mwezi wa Safar), Barghash hajamaliza hata miaka miwili kwenye kiti. Watu wanapoisimulia husema "meli za Sultani zilizama" basi, na hapo mimi huumia kidogo, maana bandarini hazikuwepo meli za Sultani peke yake. Hebu fikiria kalenda ya pepo. Majahazi ya Arabuni, ya Ghuba na ya Kachchh kule India yanashuka na kaskazi, upepo wa kutoka kaskazini, yanauza tende na chumvi na papa mkavu, halafu yanasubiri kusi, upepo wa kutoka kusini, iingie ndo yarudi kwao. Katikati ya Aprili ni wakati huo huo wa kusubiri na kupakia, kwahiyo tufani ilikuta bandari imejaa, majahazi ya safari ndefu, mashua za mwambao, ngalawa za wavuvi, meli za Wazungu, za Sultani, zote zimetia nanga pamoja. Yakapotea majahazi mengi sana na mabaharia wake, na majina yao hakuna aliyeyaandika.

Na bandari ya Unguja nahodha yoyote anakuambia ni salama, ila ni salama kwa pepo tunazozijua. Iko upande wa magharibi wa kisiwa, kaskazi ikivuma na kusi ikivuma nchi kavu inaikinga. Kimbunga hakifuati hayo. Kinazunguka, na huku kusini mwa ikweta kinazunguka kama mshale wa saa, kwahiyo kikija kutoka baharini mashariki upepo wa mbele yake unatoka kusini, kitovu kikipita panatulia kidogo mtu anadhani yamekwisha, halafu unarudi kwa nguvu ile ile kutoka upande wa pili, kaskazini, kule ambako bandari iko wazi. Chombo kilichofunga amari zake, yaani kamba za nanga, kwa upepo wa kwanza sasa kinasukumwa kinyume, nanga zinang'oka, kinamgonga jirani, wote wawili wanakwenda pwani. Na nyuma yao ni mji wenyewe.

SWALI: Je ni kweli sisi Pemba tumepata karafuu kwa ajili ya tufani hiyo?
– Msomaji, Wete

JIBU: Karafuu mlikua nazo kabla, ila kuongoza ndo kulikuja na tufani. Unguja mashamba yaling'oka, mikarafuu na minazi imelala chini, na mkarafuu ukiupanda leo unangoja miaka sita au zaidi ndo uchume. Pemba haikupigwa namna ile. Bei ikapanda, watu wakakimbilia kupanda Pemba, na tangu hapo karafuu nyingi ya visiwa ni ya kwenu. Lakini tusisahau waliopanda ni nani. Mkataba wa kufunga soko la watumwa la Mkunazini, mjini Unguja, ulitiwa saini tarehe 5 Juni 1873, mwaka mmoja tu baadae, wakati mashamba ndo yanataka mikono, kwahiyo bara watu waliendelea kukamatwa na kuvushwa kwa siri kuja kupanda hiyo mikarafuu. Hilo nalo ni sehemu ya hasara ya tufani.

SWALI: Mhariri, si tuliambiwa vimbunga haviji kwetu?
– Msomaji, Lindi

JIBU: Kaka, wewe wa Lindi waulize wazee wako kuhusu 1952. Kimbunga kiliingia kwenu tarehe 15 Aprili, tarehe ile ile, miaka 80 kamili. Ni kweli karibu na ikweta vinakua vichache, kwa sababu kule mzunguko wa dunia hauupi upepo msokoto wa kutosha, ila vichache sio kwamba hakuna. Mei 2024 kimbunga Hidaya kilifika Mafia. Siku ile nilikua Malindi ya Unguja, bandarini, boti za Dar zimesimamishwa, wavuvi wanapandisha mashua zao mchangani juu kabisa kupita alama ya maji ya bamvua, watu kumi na mbili kwa chombo kimoja, magogo chini, wanaimba. Mzee mmoja alikua hapandishi, anazunguka tu anafunga kamba ya pili kwenye kila mashua, upande wa pili. Nikamuuliza mbona huku hakuna upepo. Akanambia, "Utarudi na huku."