Swali la lugha: cheo, hadhi, hali au enzi?

Swali: Nawatafsiria wanafunzi wangu soneti (shairi la mistari kumi na minne) ya 29 ya Shakespeare. Mstari wa mwisho nimeuandika hivi: "Sitabadilisha cheo changu na wafalme." Mwenzangu anasema niweke "hadhi". Nani yuko sahihi?

Jibu: Mwalimu, nakuomba urudi kwanza kwenye mistari ya mwanzo. Msemaji wa soneti hii, iliyochapishwa London mwaka 1609, anaanza akilia peke yake. Bahati imemtupa, watu wanamtazama kwa dharau, na anawaonea wivu wenye marafiki na vipaji. Mtu huyo hana cheo. Cheo mtu hupewa, hupandishwa, huvuliwa. Hadhi nayo ni heshima iliyo machoni pa watu, na huko ndiko alikokwisha kuipoteza. Maneno yote mawili yanamvika kitu alichotuambia hana, na uzito wa shairi unaanguka. Maana ajabu yake ni hii: anakumbuka tu penzi la ampendaye, na papo hapo anajiona tajiri, ilhali hakuna kilichobadilika.

Neno linalomfaa ni hali. Hata mnyonge ana hali. Tatizo ni kwamba neno alilotumia Shakespeare, "state", lilibeba pia ukuu wa kiti cha kifalme, na hali yetu haifiki huko. Lakini tunalo neno enzi. Basi tuligawe lile lake moja mara mbili: hali iwe ya mnyonge, enzi iwe ya mfalme.

Kitenzi nacho kina kasoro. "Kubadilisha hali yangu na wafalme" kunaweza kusomeka kana kwamba wafalme nao wanabadilishwa. Watu hubadilishana na watu. Kitu hubadiliwa kwa kitu. Tena "sitabadilisha" ni kukataa tu, wakati yeye anakataa kwa kudharau, yeye aliyekuwa akidharauliwa! Ningeandika:

"Nabeza kuibadili hali yangu kwa enzi ya wafalme."

Neno "penzi" uliloweka katika mstari ulio juu ya huo liache lilivyo. Upendo ni mpana, wa mzazi na wa Mungu umo. Penzi ni la huyu kwa yule.

Ukifika soneti ya 91, cheo kitakushawishi tena. Pale anawataja wanaojivunia mali, mavazi, farasi na mbwa wa kuwindia, lakini anayeanza nao ni wanaojivunia kuzaliwa kwao. Hiyo ni nasaba: "Kwangu mimi penzi lako ni bora kuliko nasaba."