Usiiuze skana yako ya zamani kisa draiva, soma hapa kwanza

Jamani kabla hujatupa kifaa chako cha zamani eti kisa umebadilisha kompyuta, nisikilize kidogo, maana mimi nusura niuze skana nzima kwa bei ya chai. Nina steshenari, skana na kile kidude cha Wai-Fai cha kuchomeka USB vyote nilinunua enzi za Windows 7, nilipohamia Windows 10 ya biti 64 vyote vikagoma, ukifungua Device Manager, ile orodha ya vifaa ndani ya Windows, unakuta kialama cha njano tu.

Kosa nililofanya ni kudanlodi programu moja inayojisifu inatafuta yenyewe draiva zote (draiva ni programu ndogo inayoiwezesha kompyuta kuongea na kifaa), ikanijazia matangazo, ikataka hela, na kidude kimya vilevile. Usiziguse hizo, nakuomba.

Fanya hivi: klik kulia kwenye kile chenye njano, Properties, Details, chagua Hardware Ids. Utaona VID na PID, kila moja mbele yake ina mchanganyiko wa herufi na namba, jumla nne. VID ni kampuni, PID ni kifaa chenyewe, na hapo ndo utamu ulipo kwa sababu jina la kwenye kasha linaweza kuwa lilelile huku chipu ya ndani imebadilishwa, ila hizo namba zinakwambia ukweli. Zikopi ukazitafute Microsoft Update Catalog, tovuti ya Microsoft yenye draiva. Mimi intaneti sikuwa nayo maana Wai-Fai ndo mgonjwa mwenyewe, nikachomeka simu kwa waya nikashea bando, nikapata draiva ya Windows 7 biti 64, faili la .cab lililobanwa, nikalifungua kwa programu ya 7-Zip, nikaenda Update driver nikaielekeza kwenye folda. Ikakubali palepale.

Skana sasa ikawa kazi, draiva yake ni ya biti 32 pekee, na Windows ya biti 64 haipokei draiva ya hivyo hata uweke compatibility mode (ile ya kujifanya Windows ya zamani), na Windows 11 ndo kabisa haina toleo la biti 32. Nikaweka Linux Mint, mfumo mwingine wa kuendesha kompyuta badala ya Windows, kwenye flashi nikawasha kompyuta kutokea hapo bila kugusa Windows yangu, nikafungua programu ya kuskani, taa ikatembea chini ya kioo, cheti cha mteja kikatokea kwenye skrini. Nilifurahi jamani!

Linux inatumia kitu kinaitwa SANE, ndo kinachoendesha skana, wana orodha ya skana mtandaoni, angalia yako kwanza: ikiandikwa complete au good baki nayo, ikiandikwa unsupported hapo ndo tafuta mteja.