Wimbo wa filamu ukitaka kuutoa kama singo, kwanza iondoe picha

Msanii akishaona wimbo wake wa filamu unaimbwa mtaani, haichukui muda anabisha hodi studio. "Kaka, uguse kidogo tu, uweke biti la kuchezeka, tuutoe kama singo." Nimekaa kwenye hizi mashine za kuchanganya sauti hapa Dar kwa muda mrefu, na hiyo "kidogo" naifahamu vizuri. Kazi yenyewe ni kubwa. Tena haianzi na biti.

Inaanza hivi: zima skrini. Usikilize wimbo wote bila picha, kalamu mkononi, uandike kila sehemu ambapo akili yako imeanza kutangatanga. Hapo picha ndiyo iliyokuwa ikifanya kazi. Dada analia mvuani, gari linaondoka, mama amesimama mlangoni. Hakuna aliyegundua kwamba muziki ulikuwa unazunguka kodi (chords, yaani noti zinazopigwa pamoja) mbili zilezile bila kwenda popote. Redioni hakuna mama wala mlango, kwa hiyo pengo hilo ni wewe wa kuliziba au kulikata.

Mfano ninaowapa vijana wanaokuja kujifunza kwangu ni ule wimbo wa Titanic, My Heart Will Go On. James Cameron hakutaka wimbo wa kuimbwa kwenye filamu yake. James Horner, mtunzi wa muziki wa filamu hiyo, akautengeneza kimyakimya, Will Jennings akaandika maneno, Celine Dion akaimba demo, yaani rekodi ya majaribio. Baadaye Cameron akakubali, na sauti ya ile demo ndiyo iliyobaki. Sasa fikiria unasikika wapi ndani ya filamu: mwishoni, majina yakipanda. Mtazamaji amekaa zaidi ya saa tatu, ameshaiona meli ikizama, koo limemkaba. Wimbo hauna haja ya kumshawishi. Lakini mwaka 1998, ulipokuwa ukipigwa redioni kama singo, ulimkuta msikilizaji anasukuma chapati. Ndiyo maana kwa albamu ya Celine na singo aliletwa prodyuza Walter Afanasieff, akaujazia ala na kuutengeneza upya. Sikiliza matoleo mawili mfululizo: lile la albamu ya filamu lina dakika 5 na sekunde 11, lile la albamu ya Celine dakika 4 na sekunde 40. Nusu dakika imeondoka na hakuna aliyeililia.

Kilichonivutia zaidi ni kile ambacho hawakukigusa. Filimbi ile ya mwanzo ipo palepale. Kila wimbo wa filamu una kitu kimoja ambacho watu wanaunganisha na picha: filimbi, mluzi, namna mwimbaji anavyovuta pumzi kabla ya kiitikio. Kitafute mapema, maana prodyuza mwenye hamu ya kuonyesha ufundi wake hukifuta hichohicho kwanza.

Halafu kuna suala la mafaili, ambalo vijana wengi wanaliruka. Usichukue sauti kutoka kwenye filamu yenyewe. Kule sauti ya mwimbaji imeshushwa ili maneno ya waigizaji yasikike, na mlango ukigongwa umegongwa, huutoi. Omba kila ala na faili lake, sauti peke yake, besi peke yake, ngoma peke yake. Wakikuletea, angalia kama ni ya 48 kHz, yaani sauti imepimwa mara 48,000 kwa sekunde, kwa sababu watu wa filamu hutumia hiyo, wakati masta (rekodi za mwisho zilizo tayari kutolewa) nyingi za muziki bado ni 44.1. Badilisha kwa programu nzuri, mara moja tu. Na kama umeletewa wimbo uliotolewa kwenye DVD ya PAL, mfumo wa televisheni wa picha 25 kwa sekunde, kuwa macho: filamu iliyopigwa kwa picha 24 kwa sekunde huchezeshwa kwa 25, hivyo kila kitu kinakwenda haraka kwa asilimia 4 hivi, na mara nyingi sauti nayo hupanda. Utakesha unatafuta kwa nini kinanda chako hakikubaliani na mwimbaji.

Biti sasa. Nyimbo nyingi za filamu zinakwenda taratibu, na msanii anataka klabu. Usimvute mwimbaji kwa nguvu mpaka aongee kama katuni. Kama wimbo una mapigo 62 kwa dakika, tandika chini yake ngoma ya 124. Mwimbaji anabaki na mwendo wake, miguu inapata wa kwake. Utangulizi wa wimbo wa filamu nao huwa mrefu kwa sababu unasubiri mtu amalize kutembea. Ufupishe bila huruma, sauti ya mtu isikike mapema.

Utaombwa pia uweke maneno ya waigizaji katikati ya ubeti. Hata wimbo wa Titanic una toleo la namna hiyo, lilitoka kwenye albamu ya pili ya filamu, Back to Titanic. Mimi silipendi. Mara ya kwanza linasisimua, ukilisikia tena na tena unatamani hao wapenzi wanyamaze mwimbaji aimbe. Isitoshe, maneno hayo yana wenyewe.

Hapo ndipo penye ugomvi wa kweli. Msanii huja akiamini wimbo ni wake kwa kuwa ameuimba. Nani alilipia studio? Kama ni mtayarishaji wa filamu, huenda rekodi ni mali yake, hata kama utunzi umebaki kwa msanii. Hivyo ni vitu viwili, na Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inavilinda vyote. Siwashi kompyuta kabla sijaona karatasi yenye sahihi ya mwenye rekodi, yenye kutaja neno remiksi waziwazi na mgawanyo wa mapato. Ruhusa ya kuutumia wimbo ndani ya filamu haimaanishi ruhusa ya kuuza singo. Mkataba kama haupo, waambie wauandike kwanza, hata kama ni mtu na shemeji yake. Usajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, ufanyike kwa majina yote ya watunzi, na toleo jipya lipewe namba yake ya ISRC, ile inayotambulisha kila rekodi. Ukitumia namba ya zamani, hesabu za matoleo mawili zinachanganyika na siku ya malipo hakuna anayeelewana na mwenzake.

Ukimaliza kuchanganya, tafuta mtu ambaye hajaiona filamu. Ndugu na mashabiki wa filamu hawafai, wao bado wanaiona picha kichwani. Mpigie kwa spika ya simu, kwenye kelele, usimweleze chochote. Akikuuliza "huu ni wa nani?" kabla kiitikio cha pili hakijaisha, peleka masta. Akianza kuangalia saa, andika ni sekunde ya ngapi, urudi ukapaguse hapohapo.