Maswali ya Wasomaji: Kati ya Riwaya na Nadharia katika Fasihi ya Kifaransa

SWALI: Ndugu Mhariri, ninasoma shahada ya uzamili katika fasihi, na tasnifu yangu inahusu riwaya ya Kifaransa ya karne ya 19. Kila kitabu cha uhakiki ninachokifungua kinanirudisha kwa Barthes, Foucault na Derrida, wananadharia wa Kifaransa wa karne ya 20, hata nimeanza kujiuliza kama ninasoma fasihi au falsafa. Zaidi ya hayo, Barthes alikwisha kutangaza kifo cha mwandishi. Je, nikiyataja maisha ya mwandishi wa riwaya Flaubert nitakuwa nimekosea?

JIBU: Hutakuwa umekosea. Naomba nieleze kwa kirefu kidogo, kwa sababu wanafunzi wengi huipokea kauli ya Barthes kama amri bila kuonyeshwa ilikotoka.

Insha yake, "La mort de l'auteur", ilitoka kwanza kwa Kiingereza mwaka 1967, kisha kwa Kifaransa mwaka 1968. Ni kurasa chache tu, na aliyeziandika alikuwa ametoka katika ugomvi mkubwa. Sainte-Beuve, mhakiki mashuhuri wa karne ya 19, alishikilia kwamba kazi ya fasihi haiwezi kutenganishwa na mtu aliyeiandika. Mwandishi wa riwaya Proust aliupinga mtazamo huo katika maandishi yaliyochapishwa mwaka 1954, zaidi ya miaka 30 baada ya kufa kwake, akisema kwamba nafsi inayoandika vitabu si ile inayoonekana katika mazoea na maongezi ya kila siku. Hata hivyo, vyuo vikuu viliendelea kuthamini vyanzo, barua na tarehe kuliko kitu kingine chochote. Barthes alipochapisha Sur Racine, kitabu kuhusu mwandishi wa tamthilia wa karne ya 17, mwaka 1963, Raymond Picard, profesa wa Chuo Kikuu cha Sorbonne, Paris, aliyekuwa bingwa wa maisha na kazi za Racine, alimshambulia mwaka 1965 kwa kijitabu kikali kilichouliza kama uhakiki huo mpya haukuwa ulaghai mpya. Barthes akajibu mwaka 1966 kwa Critique et vérité. Ukiisoma insha ya kifo cha mwandishi ukiukumbuka mvutano huo, utaona kwamba haimkatazi mtu kuyajua maisha ya mwandishi, bali inakataa maisha hayo yasifanywe mwamuzi wa mwisho wa maana.

Ama kuhusu hofu yako kwamba umehamia katika falsafa, tazama jinsi insha hiyo inavyoanza. Inaanza na sentensi moja kutoka hadithi ya Balzac, mwandishi wa riwaya wa karne ya 19, iitwayo Sarrasine, ya mwaka 1830, ambamo mchonga sanamu Mfaransa aliyeko Roma anampenda mwimbaji Zambinella akidhani ni mwanamke, kumbe ni towashi. Sentensi hiyo inasifu uanamke wa Zambinella, na Barthes anauliza: ni nani anayesema hapa? Ni mhusika aliyedanganyika, ni Balzac na mawazo yake juu ya wanawake, au ni hekima ya kawaida ya watu wote? Jibu lake ni kwamba haiwezekani kujua. Swali hilo limezaliwa ndani ya usomaji wa hadithi, na mimi naamini kwamba nadharia nyingi za Kifaransa zinazotuogopesha zilizaliwa hivyo hivyo.

Tena, swali hilo la nani anayesema lilikwisha kusikika mahakamani Paris zaidi ya karne moja kabla ya Barthes, na kitabu kilichohusika ni cha huyo huyo Flaubert wako. Mapema mwaka 1857 alishtakiwa kwamba Madame Bovary inaharibu maadili. Mwendesha mashtaka, Ernest Pinard, alisoma kifungu ambamo Emma, mhusika mkuu aliyeolewa, anajitazama kwenye kioo akifurahia kuwa na mpenzi, akadai kwamba riwaya inautukuza uzinzi. Lakini Flaubert alikuwa ameandika kwa mtindo unaoyachanganya mawazo ya mhusika na sauti ya msimulizi pasipo alama za kunukuu wala maneno kama "aliwaza", kwa hiyo furaha ile ilikuwa ya Emma, na Pinard aliisoma kana kwamba ni kauli ya mwandishi. Flaubert aliachiwa huru mwezi Februari. Mwezi Agosti mwaka huo huo Pinard alimgeukia mshairi Baudelaire, ambaye alitozwa faini na kuamriwa kuondoa mashairi 6 katika Les Fleurs du mal, hukumu ambayo haikufutwa hadi mwaka 1949.

Ukitoka mahakamani uingie katika mhadhara wa Foucault wa Februari 1969, "Qu'est-ce qu'un auteur?", hutamwona tena kama mwanafalsafa aliyekuvamia. Anasema humo kwamba maandishi yalianza kuwa na waandishi kwa maana halisi pale mwandishi alipoweza kuadhibiwa. Basi kesi ya 1857 ni sehemu ya maisha ya Flaubert, na papo hapo ni ushahidi wa namna jamii inavyolitumia jina la mwandishi. Ziweke kando yake barua alizomwandikia mpenzi wake, mshairi Louise Colet, alipokuwa akiitunga riwaya, hasa ile ya Desemba 1852 ambamo anataka mwandishi awe katika kazi yake kama Mungu katika ulimwengu, yuko kila mahali na haonekani popote. Maisha yake yenyewe yanakupa hoja ya kumwondoa mwandishi katika usomaji, na ningefurahi kuona tasnifu inayolikabili jambo hilo bila woga.

SWALI: Ndugu Mhariri, je, mtu asiyejua Kifaransa vizuri anaweza kuufanya utafiti huu kwa tafsiri za Kiingereza peke yake?

JIBU: Kwa kuanzia, ndiyo, kwa tasnifu, hapana. Tatizo kubwa ni matini iliyopunguzwa. Foucault alichapisha kitabu chake kikubwa kuhusu historia ya wazimu mwaka 1961. Tafsiri ya Kiingereza ya mwaka 1965 ilitegemea hasa toleo lililofupishwa, na tafsiri kamili ikapatikana mwaka 2006. Kurasa chache kuhusu mwanafalsafa Descartes, ambazo Derrida alizihoji vikali katika mhadhara wa mwaka 1963, hazikuwamo katika toleo hilo fupi, kwa hiyo wasomaji wengi wa Kiingereza walisoma pingamizi bila kuiona hoja inayopingwa. Le Deuxième Sexe, kitabu cha mwanafalsafa Simone de Beauvoir kuhusu hali ya wanawake, cha mwaka 1949, nacho kilipunguzwa sana katika tafsiri ya mwaka 1953, hata baadhi ya lawama alizotupiwa kuhusu udhaifu wa falsafa yake zilitokana na mikato hiyo. Tafsiri kamili ilitoka mwaka 2009.

Kwa hiyo jifunze Kifaransa cha kusomea, na hakikisha kila unachokinukuu kwa kukilinganisha na matini ya asili. Kwa vitabu vya karne ya 19, maktaba ya kidijitali ya Gallica, iliyo chini ya Maktaba ya Taifa ya Ufaransa, inakuwezesha kusoma matoleo ya zamani bila malipo. Kwa zoezi la kwanza ningekushauri uchukue S/Z ya mwaka 1970, ambamo Barthes anaigawa Sarrasine katika vipande 561 na kuvifafanua kimoja baada ya kingine. Hadithi nzima ya Balzac imechapishwa mwishoni mwa kitabu hicho. Anza nayo, uandike maoni yako mwenyewe, ndipo umsome Barthes.